Manamba Wasio na Namba

Ratiba ilitumwa kwenye simu zetu usiku wa kuamkia safari. Saa kumi na mbili asubuhi, kuondoka Bangkok. Saa tatu, kuogelea kwenye maporomoko ya Erawan. Saa sita, chakula cha mchana. Saa saba, kupanda treni ya Reli ya Mauti. Saa tisa, daraja la Mto Kwai. Saa kumi, makaburi ya vita, dakika kumi na tano. Maji ya kunywa na bima vimo kwenye bei.

Nilikuwa na muda mrefu sijatoka chuoni. Tasnifu ilikuwa imenikaba koo, na mwenzangu wa darasani, dada mmoja kutoka Java, alikuwa ameona tangazo la ziara hiyo ya siku moja akanishawishi. Tulilipa, tukaenda. Tangu siku hiyo nina ugomvi na ratiba ile, na nimeona niuandike kabla haujapoa.

Kwanza niseme ukweli: Erawan ni pazuri. Maporomoko yana ngazi saba, na maji yake yana rangi ya kijani iliyochanganyika na buluu kwa sababu ya chokaa iliyoyeyuka ndani yake. Ukiingiza miguu, samaki wadogo wanakuja kukudonoa ngozi, ukitaka usitake. Jina limetoka kwa tembo mwenye vichwa vitatu wa masimulizi ya kale. Nilipanda hadi ngazi ya tano, nikaogelea, nikapiga kelele kama mtoto. Kwa hiyo asitokee mtu wa kuniambia kwamba napinga watu kufurahi. Maporomoko hayakumuua mtu yeyote wa reli.

Ila kuna jambo moja la pale Erawan nataka ulishike. Ukivuka ngazi ya pili, huruhusiwi kupita na chupa ya plastiki mpaka uiandikishe. Mlinzi alichukua chupa yangu, akaiandika namba kwa kalamu ya wino mzito, akaniomba amana ya baht 20. Niliposhuka alilinganisha namba na daftari lake, akanirudishia hela. Nilimsifu moyoni. Huo ndio utunzaji wa hifadhi: hakuna chupa inayoingia msituni bila kujulikana, na hakuna inayobaki huko.

Saa saba tukapanda treni pale Nam Tok. Ni behewa la daraja la tatu, viti vya mbao, madirisha wazi, feni za darini zinazozunguka kwa uvivu. Mtu akiwahi kupanda treni za zamani za kwetu hatashangaa. Nam Tok kwa Kithai maana yake ni maporomoko ya maji, na hapo ndipo njia inapoishia leo. Zamani haikuishia hapo. Reli hii ilikuwa na urefu wa kilomita 415, kutoka Nong Pladuk nchini Thailand hadi Thanbyuzayat nchini Burma, ambayo sasa ni Myanmar. Jeshi la Japani liliijenga kuanzia katikati ya mwaka 1942, na pande mbili zikakutana Oktoba 1943. Kazi ambayo wahandisi waliiona ya miaka mingi ilimalizwa kwa takribani miezi kumi na sita, kwa majembe, sururu, baruti na migongo ya watu. Baada ya vita sehemu kubwa ya njia iling'olewa. Kilichobaki ni kipande kinachofika kwenye maporomoko. Hata reli yenyewe, unaona, imekatwa ikatoshea kwenye ratiba ya mtalii.

Treni ilipofika daraja refu la mbao la Tham Krasae, lile lililobandikwa ubavuni mwa mwamba juu ya mto, ilipunguza mwendo ikawa inatambaa. Simu zote zikatoka madirishani. Yangu pia. Mwongoza watalii wetu, kijana mchangamfu mwenye Kiingereza kizuri, alisimama katikati ya behewa akatupa habari. Wafungwa wa vita wa Uingereza, Australia, Uholanzi na Marekani, zaidi ya 60,000, walilazimishwa kujenga reli hii. Zaidi ya 12,000 walikufa kwa njaa, kipigo, malaria, kuhara na kipindupindu. Aliyasema kwa heshima, na yote ni kweli. Kisha akatuambia tujiandae, daraja maarufu la filamu linakuja.

Nilisubiri namba ya pili. Haikuja.

Namba ya pili ni hii. Ukiacha wafungwa wa vita, reli ile ilijengwa na vibarua wa Asia ambao makadirio mengi yanawaweka karibu 200,000 au zaidi: Watamil na Wamalay kutoka Malaya, Waburma, Wajava, Wachina, Wavietnam. Wajapani waliwaita rōmusha. Waliokufa kati yao, kwa makadirio yanayotumika sana, ni takribani 90,000. Yaani kwa kila mfungwa wa vita aliyekufa, walikufa vibarua kama saba. Nasema takribani, nasema makadirio, kwa sababu hakuna aliyewahesabu.

Sisi tunalo neno la watu wa namna hiyo. Tunawaita manamba. Wale waliochukuliwa vijijini wakati wa ukoloni, wakapewa namba na kusafirishwa kwenda kukata mkonge Tanga au Morogoro, waliishi na kufa wakiwa manamba. Neno lenyewe ni tusi lililogeuka kuwa jina: mtu aliyepungua akawa tarakimu. Watamil wa Malaya walilijua neno hilo kwa lugha yao. Wengi walikuwa wameletwa kutoka India, wao au wazazi wao, kugema mpira kwenye mashamba ya Waingereza. Walikuwa manamba tayari kabla Mjapani hajafika. Ila manamba wa reli hii wana msiba mmoja zaidi: hata hiyo namba hawakubaki nayo.

Tukafika darajani. Hapa ndipo hasira yangu ilipochemka, kwa sababu hapa ndipo ziara nzima inapofungwa kamba. Watu hawaji Kanchanaburi kwa sababu ya reli, wanakuja kwa sababu ya sinema. Filamu ya David Lean ya mwaka 1957, The Bridge on the River Kwai, ilipata tuzo saba za Oscar, na tangu hapo dunia ikalitaka daraja lake. Filamu yenyewe ilipigwa Ceylon, Sri Lanka ya leo. Daraja la kweli, la chuma, lilikuwa juu ya mto ulioitwa Mae Klong. Watalii walipoanza kufika wakiuliza Mto Kwai uko wapi, mto ukabadilishwa jina pale penye daraja. Sikulaumu. Mji una haki ya kula. Lakini tazama uzito wa filamu: ilihamisha jina la mto, ikashindwa kuingiza manamba hata kwenye pembe ya picha. Ndani yake daraja ni shauri la afisa wa Kiingereza na afisa wa Kijapani wanaoshindana heshima. Waliokuwa wengi hawamo.

Na sinema ina deni jingine kwa watu hao. Masimulizi ya kule Malaya yanaeleza kwamba vibarua walipoanza kuwa wagumu kupatikana, baada ya habari za vifo kurudi vijijini, mbinu mojawapo ilikuwa kutangaza sinema ya bure. Watu walijazana ukumbini, milango ikafungwa, waliokuwa ndani wakapakiwa kwenye mabehewa kwenda Siam. Fikiria hilo ukiwa umesimama darajani na kofia yako ya jua, muuza maji akipiga wimbo wa filamu kwenye spika yake ndogo.

Saa kumi tukapewa dakika zetu kumi na tano za makaburi.

Makaburi ya vita ya Kanchanaburi yako katikati ya mji, mkabala na kituo cha treni. Ni mahali palipotunzwa kwa mkono wa upendo: nyasi zimekatwa sawasawa, maua kati ya kaburi na kaburi, vibao vya shaba vyenye jina, kikosi, tarehe, umri. Wamelazwa karibu watu 7,000. Nilisoma umri wa watu kadhaa. Miaka 23. Miaka 26. Umri wangu na wa wenzangu darasani. Nilitulia, na sioni aibu kusema nililia kidogo. Asifikiri mtu kwamba nataka kumnyang'anya yeyote kati ya vijana hao kaburi lake.

Kwenye jengo dogo la pale langoni kuna majina ya watu 300 waliokufa katika kambi ya Nieke kati ya Mei na Juni 1943, kipindupindu kilipopita na mvua. Walichomwa moto kwa kuhofia maradhi, majivu yao yakazikwa pamoja. Hawakuwa na kaburi la mtu mmoja mmoja, kwa hiyo majina yao yakaandikwa ukutani. Hata majivu yalipatiwa majina.

Mwenzangu wa Java alizunguka safu mbili, akarudi. Akamwuliza mwongozaji, kwa upole wa watu wa kwao, watu wa kisiwa chake wamezikwa wapi. Kijana yule hakuwa mjinga wala mkatili. Alisema ni kweli walikuwepo, walikuwa wengi, lakini hawamo kwenye programu. Kisha akatazama saa. Dada yule akatikisa kichwa kuitikia kama mtu aliyeambiwa duka limefungwa, akapanda garini. Njia nzima hadi Bangkok hakusema neno.

Hawamo kwenye programu. Hiyo ndiyo sentensi ninayogombana nayo.

Watu watanijibu kwamba tofauti hii haikutengenezwa na kampuni ya utalii, na watakuwa na haki. Ilianza kambini. Wafungwa wa vita walikuwa jeshi hata katika utumwa: walikuwa na maofisa, walikuwa na madaktari waliowakata miguu yenye vidonda kwa vifaa vya kuokoteza, walikuwa na makarani walioficha orodha za wafu ndani ya mianzi na makopo. Manamba walikuja mmoja mmoja, wengine na wake na watoto, bila daktari wao, bila kiongozi, bila mtu wa kuandika. Kipindupindu kilipoingia kambini mwao kiliwafyeka kama moto wa nyika.

Ikaendelea baada ya vita. Septemba 1945, wiki chache baada ya Japani kusalimu amri, kikundi kidogo cha wanajeshi wa Washirika kilipanda treni kwenye reli hiyohiyo, na orodha zao mkononi, kutafuta makaburi ya wenzao porini. Ndani ya wiki tatu walipata zaidi ya 10,000. Hiyo ndiyo safari ya treni ambayo ningependa wasafiri wote wa Reli ya Mauti waisikie, maana ni safari ya heshima kubwa. Lakini waliotafutwa walikuwa wafungwa wa vita. Manamba waliachwa msituni. Mwaka 1990, katika shamba la miwa mjini Kanchanaburi, yalifukuliwa mifupa ya mamia ya watu, wengi wakiaminika kuwa vibarua wa Asia. Miaka arobaini na mitano watu walilima juu yao.

Kwa hiyo sawa, kampuni haikuanzisha kosa. Lakini inalirudia kila siku saa kumi, na kulitoza nauli.

Na mimi inanihusu nini, Mtanzania niliyekuja kusoma? Inanihusu mara mbili.

Kwanza, baba yake bibi yangu alikwenda Bama. Ndivyo wanavyosema kwetu, Bama, kama jina la kijiji jirani. Alikuwa King's African Rifles. Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, yenye askari kutoka Tanganyika, Kenya, Uganda na Nyasaland, ililifuata jeshi la Japani kwenye bonde la Kabaw katika mvua za mwaka 1944. Jeshi hilo la Japani lilikuwa Burma, na reli hii ilijengwa kulipelekea askari, risasi na chakula. Yaani manamba wa Kitamil walikufa wakitandika njia iliyomlisha adui wa babu yetu. Yeye alirudi, na koti moja na malaria. Wenzake waliokufa huko wameandikwa majina. Ambao hawakupatiwa kaburi wamo kwenye nguzo za makaburi ya Taukkyan, karibu na Yangon. Walikuwa askari.

Pili, mimi nimekulia Dar es Salaam, na kila mtu wa Dar ameshanunua kitu Kariakoo. Jina hilo ni Carrier Corps, kambi ya wapagazi wa Vita vya Kwanza, baada ya Waingereza kuuteka mji mwaka 1916. Nairobi wanayo Kariokor yao. Wapagazi walibeba mizinga, mahindi na majeruhi kutoka Taveta hadi Rufiji na kusini zaidi, wakafa kwa makumi ya maelfu, kwa kuhara na njaa zaidi ya risasi. Makaburi yao yako wapi? Mwaka 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola, ileile inayokata nyasi za Kanchanaburi vizuri namna ile, ilikiri katika ripoti yake kwamba watu wasiopungua 116,000, na huenda hadi 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina, na labda hawakukumbukwa kabisa.

Wahenga walisema wapiganapo tembo nyasi ndizo huumia. Hawakuongeza kwamba baadaye tembo watajengewa makaburi na nyasi zitaambiwa hazimo kwenye programu.

Kwa hiyo nilipomwona dada yule wa Java akizunguka safu za makaburi, nilijua anachotafuta. Mstari uliochorwa kule ni uleule uliochorwa kwetu. Aliyeshika bunduki ana nafasi ya kukumbukwa. Aliyebeba mzigo au aliyepasua jiwe ni sehemu ya mazingira, kama mvua na mbu. Nilishangaa tu kuona kwamba mstari huo umeweza kuuzwa kama burudani, na chakula cha mchana ndani yake.

Najua hoja ya mwisho. Mtalii amechoka, ana siku moja, mwache apumzike. Historia yote haiwezi kuingia kwenye gari la watu kumi na mbili. Naikubali nusu. Sitaki mhadhara, mihadhara ninayo ya kutosha. Ninachodai ni sentensi moja: pale behewani, baada ya kusema 12,000, useme na 90,000. Inachukua sekunde kumi. Mwongozaji wetu alitumia muda mrefu zaidi kueleza wapi panapatikana aiskrimu ya nazi.

Wala usiniambie vielelezo havipo. Wiki mbili baadaye mimi na dada yule tulirudi wenyewe, kwa treni ya kawaida kutoka kituo cha Thonburi, nauli ya mgeni baht 100. Pembeni tu ya makaburi yale kuna jumba la makumbusho la reli, na humo manamba wamo, pamoja na takwimu zao. Karibu na daraja, mwendo mfupi kutoka pale tulipopigwa picha ya pamoja, kuna mnara wa kumbukumbu wa mwaka 1944 kwa waliokufa kazini, wafungwa na vibarua wa Asia pia, wenye maandishi ya lugha kadhaa. Aliyeujenga ni jeshi la Japani. Nilisimama pale nikiwa sijui niweke wapi uso wangu. Waliowaua waliwakumbuka kwa jiwe, hata kama ni kwa kujisafisha. Sisi tuliokuja kuwahurumia wafu hatukuwatengea dakika moja.

Dada yule alikaa pale karibu nusu saa. Alikuwa amenunua shada dogo la maua sokoni, akaliweka chini, akasoma dua kimyakimya. Hakuwa na jina la kutaja kwenye dua yake. Babu mkubwa wa upande wa mama yake alichukuliwa kijijini mwaka 1943, akaaga kwamba anakwenda kazini, na familia haikujua kama alipelekwa Sumatra, Burma au Siam. Alikuwa akilijua hilo siku ile ya kwanza, alipouliza swali lake kwa upole na kujibiwa kuhusu programu.

Wewe unayesoma hapa huenda ni mtu wa safari kama mimi, na ziara za namna hii hazipo Thailand tu. Taita-Taveta tayari wageni wanapelekwa kuona kilima cha Salaita palipopiganwa Februari 1916, na njia ya reli iliyojengwa kutoka Voi kwa ajili ya vita vile. Zitaongezeka, na sina ugomvi na kuongezeka kwake. Nenda. Panda treni, toa simu dirishani, oga kwenye maporomoko hadi vidole vikunjamane. Ila kabla hujalipa, muulize anayekuuzia: waliobeba mizigo wamo? Akisema hawamo, mwambie waingizwe, na wewe upunguziwe robo saa ya kuogelea. Tukiuliza kumi, atakasirika. Tukiuliza mia, ratiba itabadilika, kwa sababu ratiba inaandikwa na anayelipa.

Pale Erawan chupa yangu ilipewa namba kwenda, ikahesabiwa kurudi. Nadai watu 90,000 wapewe angalau kiasi hicho.